Tuvana na Nyota ya Kumi

Nyota ya kumi ilipotokea juu ya bonde letu la Ambrel, hakuna aliyefurahi. Tulikuwa tunarudi kutoka kukata kondoo manyoya, jua limeshazama nyuma ya mlima lakini anga bado lina wekundu, mtu mmoja akasimama njiani akaanza kuhesabu kwa kidole. Akahesabu tena. Na sisi tukasimama. Kila mmoja alimtazama jirani yake kabla ya kuitazama vizuri ile nyota, kana kwamba ni mbuzi wa wizi na mwizi yumo kati yetu.

Mbingu yetu ina nyota tisa tu, na kila nyota ina wenyewe. Koo ni tisa, siku za juma ni tisa, na kila siku maji ya mfereji mkuu huenda kwa ukoo mmoja. Mtoto akizaliwa, siku ya tatu wakubwa wake humtoa nje jioni, humwinua mbele ya nyota ya ukoo na kumtaja jina. Asiyeinuliwa hana ukoo, hana siku, hana maji. Ugomvi wetu wote, tangu enzi za mababu, ulikuwa wa maji.

Sasa nyota ya kumi maana yake ni siku ya kumi. Tulifika nyumbani kila mtu anajua mwenzake anawaza nini.

Nyumba ya tatu kutoka kwangu, penye kona ya mfereji, aliishi Tuvana, mtengeneza mazulia ya manyoya. Alikuwa mwanamke wa makamo, mfupi, mwenye mikono mipana iliyopauka kwa kukanda manyoya kwenye maji moto. Bibi Olgeti, aliyemfundisha kazi hiyo, ndiye aliyemwokota akiwa mchanga ndani ya banda la kukaushia manyoya. Aliuliza bonde zima, hakuna aliyejibu. Basi akamlea, lakini kumwinua hakuweza, kwa sababu mtu humwinua wa kwake tu. Olgeti alipofariki, Tuvana akabaki na lile banda na mbwa mmoja. Maji ya kazi yake aliyapata kwa kuomba yaliyobaki kwenye mitaro ya watu, na kwa kila mtaro alikuwa akitoa zulia.

Ukimsalimu, alifikiri kwanza kwa nini umemsalimu. Ukimpa mkate wa shayiri, aliukata katikati akautazama ndani. Simlaumu. Utotoni watoto wenzake walikuwa wakimkaribisha mkate uliotiwa changarawe. Ukubwani alichumbiwa na Dashkal wa ukoo wa Hashun, mazungumzo yakafika pazuri, kisha mama yake Dashkal, Bi Terkesh, akasema hawezi kupokea mkwe ambaye hata angani hajulikani. Dashkal akaoa kwingine. Tuvana akaendelea na manyoya yake.

Aliyeanza maneno ni Korsad, mkuu wa ukoo wa Berdik, ambaye pia ndiye msimamizi wa zamu za maji. Alisema kinuni, mbele ya watu waliosubiri unga.

"Kuna nyota isiyo na mtu," alisema, "na kuna mtu asiye na nyota. Mnataka nani aje awajumlishie?"

Siku hiyo hiyo watu wakaanza kupita mbele ya nyumba ya Tuvana kwa shughuli ambazo hawakuwa nazo. Mara huyu anatafuta mbuzi, mara yule anauliza kama mvua itanyesha. Wakachungulia banda lake. Wakasema moshi wake una rangi. Wakasema zulia lililoanikwa darini lilikuwa na kitobo, na kitobo kile kilielekea pale pale nyota ilipotokea. Mimi nililiona zulia hilo. Kitobo kilikuwa cha panya.

Tuvana alitoka mlangoni na ndoo yake, akawatazama waliojikusanya.

"Mnasema nimeitundika mimi?"

Mtu mmoja nyuma akajibu, "Hatujasema. Tunauliza tu."

"Kama ningekuwa na uwezo wa kutundika, ningeanza na nyinyi." Akamwaga maji machafu karibu na miguu yao, akaingia ndani.

Juma hilo la kwanza lilikuwa la uchawi. Hakuna aliyemwachia maji. Juma la pili upepo ukageuka. Asubuhi moja akakuta mlangoni bakuli la supu ya kichwa cha kondoo, imefunikwa kwa kitambaa safi, bado ya moto. Akalitazama kwa muda. Akamwita mbwa. Mbwa akanywa yote, akalamba bakuli, akalala juani akiwa mzima kabisa. Tuvana alikaa kwenye kizingiti akimwangalia mpaka adhuhuri.

"Hajafa," nilimwambia nikipita.

"Naona," akasema. "Ndiyo inanitia wasiwasi. Wangetaka kuniua ningewaelewa."

Alijua maana yake siku iliyofuata, Bi Terkesh alipokuja mwenyewe, amevaa shali ya sikukuu, na chano cha siagi kichwani. Alikaa bila kukaribishwa. Mimi nilikuwa hapo kuchukua zulia langu, na hakuna aliyenifukuza.

"Mwanangu Tuvana," akaanza.

"Mwanao tangu lini, mama?"

"Ndilo lililonileta. Marehemu dada yangu alipata mtoto wa kike, akapotea mwaka ule wa theluji kubwa. Tulilia sana. Sasa nikikutazama hivi, pua hiyo, na hilo paji la uso, ni dada yangu mtupu. Wewe ni wa Hashun, mwanangu. Damu haipotei."

Tuvana aliweka kikombe chake cha chai ya chumvi chini, taratibu.

"Kwa hiyo Dashkal ni binamu yangu, mtoto wa mama mkubwa."

"Ndiyo, ni ndugu yako."

"Na miaka ile aliponichumbia, ulikataa kwa sababu mimi si wa popote. Hukusema ni kwa sababu mimi ni dada yake."

Bi Terkesh akarekebisha shali yake. Akasema macho yake siku hizo hayakuwa mazuri.

"Sasa yamepona," Tuvana akasema. "Nyota imeyaponya. Chukua siagi yako, mama. Mbwa amekula jana."

Baada ya Hashun wakaja wengine, maana mwenye Tuvana ndiye angekuwa na nyota na maji yake. Karibu kila ukoo ukakumbuka mtoto aliyepotea. Ungedhani mwaka ule Ambrel nzima ilikuwa ikidondosha watoto njiani. Wengine walileta bibi wa kushuhudia, wengine nguo za kitoto zilizonuka upya. Korsad alikuja mwisho, na hakuleta chakula. Alileta maji. Alikuwa ameamuru mtaro wa Berdik ufunguliwe mpaka bandani kwa Tuvana, siku ambayo haikuwa na mabaki, na maji yakaja yanakimbia, safi, mengi kuliko aliyowahi kuyaona mlangoni kwake.

"Masikio yako ni ya Berdik," Korsad akamwambia, nami nikasikia kutoka ng'ambo ya mtaro. "Sisemi zaidi. Baraza litakaa kwenye Jiwe la Zamu kuamua nyota ni ya nani. Wewe useme neno moja tu, na maji haya hayatakauka."

"Na nikisema neno lingine?"

"Mimi si mtu wa kutisha watu, dada yangu."

"Umejibu," Tuvana akasema.

Lakini alisimama pale kwenye mtaro muda mrefu baada ya Korsad kuondoka, nikamwona akiinama kuyagusa. Fikiria mtu aliyeomba maji maisha yake yote. Nilidhani atakubali. Ningekuwa mimi ningekubali, na masikio yangu ningeyavuta yafanane zaidi.

Zikiwa zimebaki siku chache baraza likae, akaja Ruzeni. Huyu alikuwa kikongwe wa Yoreti, ukoo maskini kuliko wote, ambao siku yao ya maji huangukia mwisho wa juma, mfereji ukiwa umeshajaa tope. Alikuwa akichambua manyoya ya mbuzi kwa kibarua. Hakuja na bakuli wala siagi. Alipitia nyuma ya nyumba, nilipokuwa nikimsaidia Tuvana kuanika manyoya, akaomba maji ya kunywa, akanywa, kisha akasema haraka haraka, kama mtu anayeogopa kukatizwa:

"Sema nyota si yako. Usimkubalie yeyote, na wala usiseme ni yako. Ukimpa mmoja, waliobaki watakuchoma na banda lako. Nawajua."

Tuvana akamkazia macho. "Nani amekutuma?"

"Hakuna."

"Watu wa Yoreti hawajaja kunidai. Ukoo mzima, nyinyi peke yenu. Kwa nini? Mmeona heri nyota isiwe ya mtu kuliko iwe ya Berdik. Wamekutuma wewe kwa sababu unaonekana huna ubaya."

"Binti yangu—"

"Usiniite hivyo. Juma hili nina mama wengi mno."

Kikongwe akasema kwa sauti ya chini kwamba Olgeti alipomwokota, mtoto alikuwa amefungwa kwa shali ya buluu iliyokatwa nusu, na kisigino chake cha kushoto kilikuwa na alama ya kuungua.

Alama ile Tuvana anayo. Ile nusu shali Olgeti alikuwa nayo mpaka alipokufa. Halafu nikaona uso wake unajifunga tena, kama mlango unaosukumwa kutoka ndani.

"Wewe na Olgeti mlifua manyoya pamoja miaka yote," akasema. "Alikusimulia. Nenda nyumbani kwako, bibi."

Ruzeni akaenda. Tuvana alirudi kazini, akapiga manyoya kwa fimbo mpaka yakawa mabaya hayafai hata kwa tandiko la punda.

Siku ya baraza, bonde zima lilikuwa pale kwenye Jiwe la Zamu, panapogawiwa maji, asubuhi, jua likiwa juu na upepo unabeba vumbi la mbegu. Nyota yenyewe ilikuwa inaonekana hata mchana, nukta ndogo nyeupe upande wa kaskazini, na watu walikuwa wakiitupia jicho kama mtu anavyomtupia jicho mgeni aliyekaa sana. Koo zikasimama moja baada ya nyingine. Shahidi wa huyu akamwita shahidi wa yule mwongo. Bi Terkesh alilia vizuri sana. Korsad akataja masikio.

Ndipo Tuvana alipoomba kusema. Aliwauliza swali moja.

"Mwaka nilioletwa, Olgeti alizunguka mlango kwa mlango akiuliza nani kapoteza mtoto. Nani kati yenu alimfungulia?"

Mtu akakohoa.

"Basi mimi si wa ukoo wowote kati yenu," akasema. "Endeleeni na yenu."

Nadhani alidhani ameshinda. Hakumjua Korsad. Huyu alitikisa kichwa kwa huzuni, akageukia watu, akasema kama mwenyewe amekataa, basi jambo ni jepesi. Nyota haina mtu. Nyota isiyo na mtu ni ya wote. Siku ya kumi itakuwa chini ya baraza, nalo litagawa maji kadiri ya haja. Na baraza husimamiwa na nani? Korsad. Koo ndogo zikaanza kunong'ona, lakini hakuna aliyekuwa na neno la kumzuia. Tuvana alibaki amesimama, mikono imening'inia. Kwa kukwepa mitego ya koo nane, alikuwa ameingia ndani ya wa tisa.

Nyuma kabisa, walipokaa Yoreti, kukatokea mvutano. Wanaume wawili walikuwa wakimshika mtu asisimame. Akasimama. Alikuwa Ruzeni.

"Nilimzaa mimi," akasema.

Yoreti wakaangaliana. Hapo ndipo nilipoamini hakuwa ametumwa, maana mkuu wao alikuwa ameduwaa kuliko sisi. Kisha tamaa ikampata haraka, akaruka akasema, "Mmesikia? Ni wa kwetu. Yoreti tuna nyota mbili."

"Si wa kwenu," Ruzeni akamwambia. "Nilikuwa sijaolewa. Nilimleta kwa baba yako siku ya tatu, nikapiga magoti aje amwinue. Akasema Yoreti haina nyota ya mtoto wa namna hiyo. Alinifungia mlango, na mtoto akaungulia kwenye majivu ya jiko la nje, nikihangaika kumpasha moto. Nikamlaza bandani kwa Olgeti kwa sababu ndimo mlimokuwa na joto. Ulikuwepo. Ulikuwa mkubwa wa kutosha kukumbuka."

Mkuu wa Yoreti akawa mwekundu mpaka shingoni. Hakukana.

"Kwa hiyo kila mtu ajue," Ruzeni akasema. "Mtoto huyu alikataliwa kwa sheria yenu. Si kwamba alipotea. Na sheria yenu inasema nyota ina siku yake, na siku ina mwenyewe. Haisemi mwenyewe ni ukoo. Haisemi mwenyewe ni baraza. Basi mwenyewe ndiye huyu mliyemnyima nyota."

Korsad akajaribu kucheka. Lakini mzee wa Hashun akasema hapohapo kwamba maneno ya sheria ndivyo yalivyo. Hakusema kwa kumpenda Tuvana. Alikuwa anamwangalia Korsad. Kisha ukoo mwingine ukakubali, na mwingine. Niliwatazama usoni mmoja mmoja, sikuona huruma hata kidogo. Kila ukoo uliona heri maji yale aende nayo mwanamke wa manyoya kuliko yaende kwa jirani. Kutoaminiana kwao ndiko kulikompa Tuvana maji. Mpaka jua linafika kati, Korsad peke yake ndiye aliyekuwa amebaki akibisha, akalazimika kutamka zamu mpya kwa mdomo wake.

Wakamwuliza Tuvana nyota iitwe nani. Akasema iitwe Olme. Kwa lugha yetu ya zamani ni neno la kumwambia mtu asogee ukutani kidogo mwingine apate pa kukaa. Na akasema siku ya kumi ni ya yeyote ambaye hakuinuliwa. Tulidhani ni yeye tu. Juma lile wakajitokeza watu ambao hatukuwajua hivyo hata kidogo: mfua chuma wa njia panda, mapacha wa mjane wa juu mlimani, na mwalimu mmoja aliyekuwa akijiita wa Hashun miaka yote kwa sababu hakuna aliyewahi kumuuliza.

Ruzeni akafukuzwa. Yoreti hawakumgusa, ila walitoa vyombo vyake nje na kuondoa ngazi ya chumba chake cha juu. Tuvana alisikia kutoka kwangu kwamba kikongwe analala kwenye zizi la kuchambulia manyoya ya mbuzi. Alimaliza kukunja zulia alilokuwa analikunja, akaliweka chini, akavaa viatu. Nilimfuata kwa sababu nilitaka kuona, siwezi kusema uongo.

Alimkuta Ruzeni ameketi kando ya gunia la vyombo vyake, anachambua manyoya kama kawaida.

"Ulisema kweli," Tuvana akauliza, "au ulisema ili nipone?"

"Nimeapa mbele ya bonde zima."

"Bonde zima nalo liliapa. Bi Terkesh aliapa akalia juu ya hayo."

"Sina kitu kingine cha kukupa, basi." Kikongwe akaendelea kuchambua. "Ile nusu ya shali niliyobaki nayo, niliiuza mwaka wa njaa."

"Ndiyo kawaida," Tuvana akasema. "Ushahidi wa kweli hauonekani ukiutaka."

"Ukitaka usiamini. Mimi nilijua utakua hivyo. Ungekua vipi tena?"

Tuvana alisimama mlangoni mwa zizi akitafuna mdomo wake. Kisha akaliinua lile gunia lenye vyombo, akalitia begani.

"Twende," akasema. "Unakunywa chai ya chumvi au isiyo na chumvi?"

"Ya chumvi."

"Hilo nalo Olgeti angeweza kukwambia," akasema, lakini alikuwa ameshatangulia njiani.

Wakaishi pamoja. Usidhani palikuwa na kukumbatiana. Tuvana alimtega kila siku. Alimwuliza mwezi aliomzaa, kisha baada ya majuma kadhaa akamwuliza tena kwa njia nyingine aone kama atakosea. Wakati mwingine Ruzeni alikosea, maana alikuwa mzee, na Tuvana akashinda siku nzima hasemi. Halafu jioni nawasikia wanacheka huko bandani kwa jambo la kipuuzi, labda mbwa kala sabuni. Siku ya maji ya Olme wote wasioinuliwa walikusanyika kwao wakafua manyoya pamoja, na kikongwe akawa anagawa mkate. Niliona Tuvana anaupokea mkononi mwake na kuuma bila kuukata. Nafikiri mwenyewe hakujua kama nimeona.

Ruzeni alifariki majira ya kuchipua majani, miaka michache baadaye, usingizini. Yoreti wakaja na jeneza, wakisema ni wa kwao na lazima alazwe kuelekea nyota yao. Tuvana akasimama mlangoni na fimbo ya kupigia manyoya. Mkuu wa Yoreti akamwuliza, mbele ya waombolezaji, kama yuko tayari kusema kwamba marehemu ni mama yake, kwa sababu mtoto tu ndiye mwenye haki ya kuamua kaburi.

Niliona Tuvana anataka kuuliza swali, na hapakuwa na wa kumwuliza tena.

"Ndiyo," akasema.

Kaburi likachimbwa kuelekea kaskazini, kwenye Olme, la kwanza kuelekezwa huko.

Ilipita miezi kabla sijathubutu kumwuliza kama hatimaye aliamini, au alisema vile ili Yoreti wasimchukue. Alikuwa anakamua zulia bichi, zito, linachuruzika. Alisema hajui, na kwamba alifikiri angejua siku ile, lakini hakujua. Kisha akaniambia niache kusimama tu, nishike upande wa pili, nami nikashika, tukalizungusha mpaka maji yakaisha.